Mwendo wa Aliye Dhaifu



Pasaka ikishapita, matangazo ya mwisho wa ibada huanza kurefuka. Baada ya majina ya wanaotarajia kufunga ndoa, baada ya hesabu ya sadaka na ahadi za ujenzi, katibu husoma tangazo jingine: kutakuwa na safari ya hija nchi jirani, tutaondoka usiku na kurudi usiku, nauli ni kiasi fulani, chakula kila mtu ajitegemee, mwongozaji yupo. Vijana wa kwaya hupiga makofi. Mabibi na mababu hutazamana, kila mmoja akijiuliza kimoyomoyo kama magoti yake yatakubali.

Leo nataka tutafakari pamoja juu ya safari hizo za siku moja za kuvuka mpaka. Wako wanaotoka Moshi kupitia Holili kwenda Taveta na kuendelea mbele, na wanaotoka Arusha kupitia Namanga kwenda Nairobi. Niruhusu nichukue moja iliyo ndefu na inayopendwa sana, ile ya kutoka Bukoba kupitia Mutukula hadi Namugongo, walikouawa Mashahidi wa Uganda. Nikishaieleza hiyo, wewe utaipima ya kwenu.

Neno langu ni moja, nami nitalisema mapema ili usije ukalitafuta. Safari ya namna hiyo ni njema, lakini iongozwe kwa mwendo wa msafiri aliye dhaifu kuliko wote. Kikundi kikiona hakiwezi kufanya hivyo kwa siku moja, kipange siku mbili, na zikishindikana, kiahirishe mpaka mwakani. Hija haina tarehe ya kuisha kama bidhaa ya dukani.

Tufanye hesabu kwanza. Kutoka Bukoba hadi Mutukula ni kama kilomita 80. Ukishavuka, unapita Kyotera, Masaka, Lukaya, Kayabwe ambapo barabara inakatiza mstari wa ikweta, kisha Mpigi, kisha unaingia katika foleni ya Kampala, na Namugongo bado iko mbele yako, upande wa kaskazini-mashariki wa jiji. Kwenda na kurudi ni zaidi ya kilomita 600. Basi likiondoka saa nane usiku, na mambo ya mpakani yakaenda vizuri, wasafiri watashuka Namugongo kama saa nne au saa tano asubuhi. Wakiondoka saa tisa alasiri, watafika nyumbani karibu na saa tano usiku, endapo hakuna tairi iliyopasuka wala mvua iliyonyesha. Maana yake ni saa 21 tangu kufunga mlango wa nyumba hadi kuufungua tena, na katika hizo, saa 4 au 5 tu ndizo za Namugongo kwenyewe. Zilizobaki ni za kiti cha basi na za foleni.

Sasa tazama waliomo ndani ya basi hilo. Kiti cha mbele amekaa bibi wa miaka sabini na kitu mwenye kisukari, ambaye amekuwa akiweka akiba ya nauli tangu msimu wa kahawa. Nyuma yake kuna mama mwenye mtoto anayenyonya. Kuna mzee ambaye kila baada ya saa moja anahitaji kushuka, na anaona aibu kumwambia dereva mbele ya watu. Kwa hiyo hanywi maji. Na bibi naye hanywi maji, kwa sababu hiyo hiyo, tangu jioni ya jana. Ukiwauliza kama wako salama watakujibu kwamba wanamshukuru Mungu. Watu wetu wazima wamezoea kuteseka kwa adabu.

Mbele yao wote amekaa mtu mwingine ambaye hatumwombei mara nyingi, yaani dereva. Wakati sisi tunasinzia baada ya rozari au baada ya mapambio, yeye hana ruhusa ya kusinzia. Jana yake pengine alikuwa na abiria wengine. Tukimwambia aongeze mwendo ili tuwahi, kisha tukamwambia ageuze usiku huo huo ili tusilipe nyumba ya kulala, tunaweka roho hamsini katika macho mawili yaliyochoka. Kuna wanaoliita jambo hilo imani. Lakini shetani alipomweka Bwana wetu juu ya mnara wa Hekalu na kumshauri ajitupe ili malaika wamdake, Bwana alikataa. Aliliona kuwa ni kumjaribu Mungu. Sala ya kuanza safari haiondoi wajibu wa kuwa na madereva wawili.

Fungua nami Kitabu cha Mwanzo, sura ya 33. Yakobo anarudi nyumbani baada ya miaka mingi ugenini, na njiani anakutana na Esau, ndugu yake aliyemkosea na aliyemwogopa. Wanakumbatiana na kulia. Kisha Esau, mtu wa porini, mwenye nguvu na mwenye watu mia nne nyuma yake, anapendekeza waondoke pamoja naye atangulie. Yakobo anakataa kwa upole. Anamweleza ndugu yake kwamba watoto alio nao bado ni wachanga, kwamba kuna kondoo na ng'ombe wanaonyonyesha, na kwamba mifugo hiyo ikisukumwa kupita kiasi hata kwa siku moja tu, itakufa yote. Bwana wangu na atangulie, anasema, mimi nitakwenda polepole kwa kadiri ya mwendo wa mifugo iliyo mbele yangu na wa watoto hawa.

Wako wafafanuzi wanaosema Yakobo alikuwa anatafuta kisingizio cha kujitenga na Esau, kwa kuwa hatimaye alielekea Sukothi badala ya kumfuata Seiri. Huenda ni kweli, Yakobo tunamjua. Lakini hata kama alikuwa na sababu nyingine moyoni, sababu aliyoitamka ni ya mchungaji anayejua kazi yake. Mchungaji wa kweli hapimi mwendo kwa kumtazama beberu aliye mbele. Anamtazama kondoo mwenye mimba aliye nyuma. Na angalia alivyosema juu ya muda: siku moja ya kusukumwa inatosha kulimaliza kundi. Mtu anaweza kuwa mwangalifu mwaka mzima, akaharibu yote kwa siku moja ya haraka.

Huo ndio wimbo ninaotaka kamati za safari ziimbe. Kabla hamjaandika ratiba, tajeni jina la aliye dhaifu kuliko wote katika orodha yenu. Muulizeni yeye kwanza: Mama, unaweza kukaa garini kwa saa ngapi mfululizo? Mzee, tusimame kila baada ya muda gani? Dada, mtoto atabadilishwa nguo wapi? Majibu yao ndiyo ratiba. Vijana watachelewa kidogo, na hakuna kijana aliyewahi kufa kwa kuchelewa kidogo.

Udhaifu mwingine hauko magotini; uko kwenye karatasi. Mtanzania anayevuka kwenda Uganda anahitaji pasipoti au Hati ya Dharura ya Safari kutoka Uhamiaji, pamoja na kadi ya chanjo ya homa ya manjano. Chanjo hiyo huhesabiwa kuwa imeanza kumkinga mtu siku 10 baada ya kuchomwa sindano, kwa hiyo anayekimbilia kuchanja juzi yake amechelewa. Mwalimu na karani wana karatasi hizo kabatini. Bibi wa kijijini, ambaye hata kitambulisho cha taifa alikipata kwa kuhangaika, hana. Tangazo likitolewa Jumapili ya mwisho kabla ya safari, limekwisha kuchagua ni nani aende na nani abaki, na limewachagua wenye uwezo. Tangazo la upendo hutolewa miezi miwili kabla, na huambatana na kijana mmoja aliyepewa kazi ya kuwapeleka wazee Uhamiaji na hospitali, akiwashika mkono.

Niliwahi kuwa Mutukula asubuhi moja kikundi cha waumini kilipokwama. Mama mmoja mzee alikuwa ameambiwa na waandaaji, ambao sitawataja, kwamba kadi yake ya kliniki ingetosha. Haikutosha. Basi zima lilikuwa limeshakamilisha taratibu, na manung'uniko yakaanza: tumwache hapa, tutampitia jioni. Mtu mmoja alisema kwa sauti kwamba watu arobaini na tisa hawawezi kukosa misa kwa ajili ya mtu mmoja. Niliposikia hesabu hiyo nikakumbuka hesabu nyingine, ya yule mwenye kondoo mia moja aliyewaacha tisini na tisa nyikani. Ndipo dada mmoja wa kwaya, msichana mdogo tu, akashusha begi lake, akasema yeye atabaki na mama huyo na watarudi wote wawili Bukoba kwa gari la abiria. Basi likaondoka. Sijui mahubiri ya Namugongo siku hiyo yalihusu nini, ila hija ya siku hiyo ninayoikumbuka mimi ilifanyika kwenye benchi la mpakani, kwa chupa moja ya soda iliyonywewa na watu wawili.

Ujasiri wa dada yule ulikuwa mzuri, lakini usituzuie kuona kwamba haukupaswa kuhitajika. Kiongozi akifanya kazi yake vizuri, msichana hatalazimika kuwa shujaa saa kumi na mbili asubuhi.

Unaweza kuuliza, kwani hao Mashahidi wenyewe hawakusafiri kwa taabu? Walisafiri kwa taabu kubwa. Ndiyo maana nataka uifahamu vizuri safari yao. Mwishoni mwa Mei 1886, vijana wa ikulu ya Kabaka Mwanga waliokataa kuikana imani walihukumiwa huko Munyonyo, kando ya ziwa, wakapelekwa kwa miguu hadi Namugongo wakiwa wamefungwa. Tarehe 3 Juni waliteketezwa kwa moto, Wakatoliki na Waanglikana siku moja, Karoli Lwanga akiwa miongoni mwao, na Kizito aliyekuwa bado mtoto wa miaka kama 14. Kanisa Katoliki linawaheshimu mashahidi 22 wa miaka ile, na Waanglikana wanawakumbuka 23 wa kwao. Lakini si wote waliofika Namugongo. Gonzaga Gonza alikuwa amefungwa minyororo iliyomla miguu kwa vidonda. Aliposhindwa kutembea, wauaji walimchoma mkuki hapo hapo njiani, tarehe 27 Mei, kisha msafara ukaendelea.

Soma tena sentensi hiyo, mpendwa. Katika njia ya kwenda Namugongo, waliokuwa wakiamua mwendo walikuwa wauaji, na asiyeweza kuufuata mwendo wao aliuawa. Sasa sisi tunapita kwenye barabara za nchi hiyo hiyo kwenda kumheshimu Gonza. Tutamheshimu vipi huku tumemwacha nyuma mtu mwenye miguu iliyovimba? Tunabeba picha yake kwenye fulana na kumkanyaga kwenye ngazi za basi. Mwendo unaomwacha mgonjwa njiani ulikuwa mwendo wa walinzi wa Mwanga. Anayehiji kwa mwendo huo hajui amejiunga na upande gani wa msafara.

Na haraka, ikishamaliza kumuumiza dhaifu, humfuta jirani. Ratiba ikibana, kitu cha kwanza kukatwa huwa ni watu wa nchi tuliyokwenda. Tunafika, tunapiga picha, tunanunua rozari na maji ya baraka, tunapitishwa sokoni Kampala kununua vitenge, tunarudi. Tukiulizwa tumekutana na nani, hatuna jina hata moja.

Bwana wetu naye alivuka mpaka. Marko katika sura ya 7 anasimulia kwamba alikwenda pande za Tiro, nje ya nchi ya Wayahudi. Tiro ulikuwa mji mashuhuri, mji wa bandari na wafanyabiashara wa zambarau. Injili haitwambii hata neno moja juu ya alichokiona huko. Inatwambia alikutana na nani: mama mmoja wa nchi hiyo, mwenye binti mgonjwa, aliyembishia kwa unyenyekevu mpaka akapata alichokitaka. Safari nzima ya kuvuka mpaka imebaki katika Injili kwa sababu ya mtu mmoja.

Kwa njia hii ya Mutukula, kukutana na jirani kuna uzito wa pekee, maana barabara hii ina makovu. Kabla ya mpaka unavuka mto Kagera hapo Kyaka. Mwishoni mwa Oktoba 1978 majeshi ya Idi Amin yaliingia ardhi yetu hadi hapo, na daraja likavunjwa. Magofu ya kanisa lililobomolewa wakati wa vita yamebaki Kyaka, na basi la hija hulipita kanisa hilo gizani, watu wamelala. Saa chache baadaye unapita Masaka. Mji huo nao uliharibiwa vibaya mwaka 1979, safari hii na majeshi yetu, yalipokuwa yakielekea Kampala ambayo waliiteka Aprili mwaka huo. Hapo pia watu wamelala, au wanaulizana kama kuna chai.

Hebu fikiria mwongozaji akisimamisha basi kwa dakika kumi tu Kyaka, na dakika kumi Masaka. Hahitaji hotuba. Anaeleza kilichotokea kwa maneno machache yasiyo na majigambo, kisha wanasali kwa ajili ya waliokufa upande huu na upande ule. Mwaka 1979 vijana wetu walipita hapa na bunduki. Leo bibi zao wanapita na rozari na vitabu vya nyimbo, wakigongewa mhuri katika kituo cha pamoja cha mpakani kilichofunguliwa rasmi na marais wa nchi zote mbili Novemba 2017, ambamo maofisa wa Tanzania na wa Uganda wanafanya kazi chini ya paa moja. Yakobo na Esau walikumbatiana kwanza, ndipo wakazungumza habari ya mwendo. Ukipita Kyaka na Masaka usingizini, umekosa nusu ya hija uliyoilipia.

Tena, kabla ya mabomu, barabara hii ilileta baraka. Mwaka 1892 Askofu Hirth, alipokimbia machafuko ya Buganda, alikuja kuanzisha misheni ya Kashozi, karibu na Bukoba. Na wamisionari wa Kilutheri walipofika Bukoba mwaka 1910 waliwakuta Wahaya waliokwisha kuipokea Injili kutoka Buganda, wakisoma Biblia ya Kiganda. Walioibeba habari njema hiyo walikuwa watu wa kawaida waliokuwa wakienda na kurudi. Walitembea kwa miguu, walilala katika nyumba za watu, walikula walichopewa. Injili ilivuka mpaka huu kwa mwendo wa mtu anayepumzika kivulini na kuzungumza na mwenye nyumba.

Kwa hiyo mkifika, mtafuteni mwongozaji wa pale pale, mwenyeji, hata kama mna wa kwenu. Mlipeni haki yake bila kumpunja. Atawaonyesha nguzo 22 za shaba zinazoibeba basilika na kuwaeleza kwa nini ni 22. Atawaelekeza pia mahali pa Waanglikana, ambapo si mbali, ili Mlutheri, Mkatoliki na Mwanglikana wa basi moja wajue kwamba moto ule haukuwatenganisha mashahidi kwa madhehebu. Mwulizeni habari za nyumbani kwake. Mwacheni amalize sentensi.

Na mnaponunua ndizi za kuchoma pale Lukaya, msinunue kupitia dirishani kwa kurushiana noti na kupigiana kelele, basi likinguruma. Shukeni. Semeni "webale, nnyabo", maana kushukuru hakuhitaji kamusi. Hata Kiswahili chetu kina kazi ya upatanisho kule. Kwa wazee wengi wa Uganda, Kiswahili kilikuwa lugha ya askari, lugha ya kuamriwa ulale chini. Wakikisikia kutoka kinywani mwa bibi anayewasalimu kwa heshima na kuwauliza watoto hawajambo, kitasafika kidogo masikioni mwao. Jambo hilo huchukua dakika tano. Dakika tano hizo hazimo katika ratiba ya mwenye haraka.

Najua jibu ambalo baadhi yenu mnalo tayari. Mtaniambia: wewe unaandika tu, sisi hatuna fedha za kulala Kampala. Jumatatu tuna kazi, ng'ombe wanatungoja, watoto wana shule. Safari ya siku moja ndiyo hija ya maskini, na ukiipiga vita unawanyima maskini Namugongo.

Jibu hilo ni la haki, nami sitaki kulipita juujuu. Ni kweli kabisa kwamba kwa wengi siku moja ndiyo yote waliyo nayo. Mama wa kijijini asiyeweza kulala nje ya nyumba yake ana haki ya kufika Namugongo kama aliyeshukia hoteli. Ndiyo maana sisemi safari ya siku moja ifutwe. Nasema kwamba, kwa sababu ni ya maskini, ilindwe kuliko nyingine zote. Mwenye fedha akichoka atalala, akiugua atapanda gari jingine. Maskini hana basi la pili.

Na mambo ninayoyaomba hayana gharama kubwa. Kufuta kituo cha soko hakuna gharama. Kunaokoa saa mbili, na fedha pia. Kuomba parokia au usharika wa Masaka uwapokee wageni kwa usiku mmoja katika ukumbi wao, kwa mikeka, hugharimu barua moja na simu mbili. Nasi tuwe tayari kuwapokea wao wakija kwetu. Dereva wa pili ana gharama, lakini igawanye kwa abiria hamsini uone kama inafikia bei ya kitenge ambacho ungekinunua. Kila anayelipa nauli akiongeza kidogo kwenye bahasha ya pembeni, karatasi za wazee wawili au watatu zitapatikana. Na mzee atakayeona kwamba mwili wake haumudu safari hata kwa mwendo huo, asiachwe bila neno: kikundi kirudi kwake Jumapili inayofuata, kimkalishe kitini, kimsimulie yote polepole, na kumletea sehemu yake ya kile kilichonunuliwa. Naye amehiji.

Wewe usiye mjumbe wa kamati yoyote, usidhani neno hili limekupita. Ukiwa na nguvu, kaa kiti cha nyuma kinachoruka, wa mbele mwachie mwenye mgongo unaouma. Basi likisimama, wa kwanza kushuka usiwe wewe. Ukimwona mzee hanywi maji, mwambie dereva kwa sauti kwamba ni wewe unayehitaji kusimama; aibu ya kijana hupita upesi kuliko ya mzee. Na mpakani, foleni ikiwa ndefu na jua likianza kupanda, mshike mkono aliye nyuma yako kabla hujamtazama aliye mbele.

Wiki hii, kama kanisani kwenu kuna safari inayopangwa, chukua orodha ya majina uisome kuanzia chini. Huko chini ndiko wanakoandikwa wale waliosita, waliochelewa kulipa, walioandikishwa na wajukuu. Mmoja wao ndiye mwenye saa ya safari yenu. Mtembelee kabla ya Jumapili ijayo, umuulize anaweza mwendo gani, kisha urudi kwa katibu na jibu lake.

Mungu aliyewatunza watoto wa Yakobo njiani awatunze ninyi na dereva wenu. Nawatakia Jumapili njema.